Mapambo ya Krismasi yanukiayo: unga mliokataa kula msiwape watoto wachezee

Katika chumba cha daktari, mwezi wa Desemba hujulikana kwa jambo moja: watoto wako nyumbani. Shule zimefungwa, mvua za vuli zinawazuia kutoka nje, na mikono isiyo na kazi haikosi kujitafutia. Ndipo akina mama, na siku hizi akina baba pia, wanapotafuta jambo la kuwashughulisha. Mojawapo ni kukanda unga pamoja na viungo vya chai, kuukata kwa umbo la nyota, kengele, mbuzi au mbuyu, kuukausha na kuutundika kwenye tawi la mti ili nyumba nzima inukie.

Mama mmoja alinijia na mwanawe wa miaka mitatu aliyekuwa na kikohozi. Kikohozi hakikuwa kitu cha kutisha. Lakini, kama ilivyo desturi ya wagonjwa, swali la maana lilitoka akiwa tayari ameshika kitasa cha mlango.

"Daktari, nina unga wa mahindi umepata ukungu kidogo. Si wa kula tena. Naweza kuwakandia watoto watengeneze mapambo? Nitautia mdalasini na karafuu, hautanuka."

Nilimwomba arudi akae.

Msomaji, kabla sijaeleza kwa nini, niseme wazi kwamba kazi yenyewe naipenda. Mtoto anayekanda na kufinyanga anaimarisha vidole vitakavyoshika kalamu. Anajifunza kupima kikombe na nusu kikombe, anasubiri zamu yake, na anakaa na mzazi saa nzima bila televisheni wala simu. Sina neno na mapambo. Neno langu ni juu ya unga, chumvi na viungo vinavyotiwa ndani, maana hakuna mtoto wa chini ya miaka mitano anayekanda donge bila kulionja.

Harufu nzuri inayoficha harufu mbaya

Unga unapoingiwa na kuvu, jambo la pekee linalomwonya mpishi ni uvundo wake. Mahindi mazima mtu anaweza kuyachambua na kuona punje zenye rangi ya kijani au manjano iliyopauka, zilizonyauka au kupasuka. Yakishasagwa, ushahidi huo umepotea, na kilichobaki ni pua. Sasa tia humo mdalasini, karafuu na tangawizi. Umeliziba onyo la mwisho. Donge litanukia vizuri, mtoto atalilamba kwa sababu linanukia kama mandazi, na sumu itakuwa humo humo.

Sumu hiyo ni aflatoksini, ambayo wengine huiita sumukuvu. Hutolewa na kuvu wanaoota kwenye mahindi, njugu na nafaka nyingine zilizohifadhiwa zikiwa na unyevu. Dunia iliifahamu mwaka 1960, bata mzinga zaidi ya 100,000 walipokufa Uingereza baada ya kulishwa chakula cha mifugo kilichochanganywa na njugu zilizoharibika. Moto wa jikoni hauiui. Unaweza kupika ugali mpaka mwiko uchoke, na unaweza kuoka nyota zako za unga mpaka ziwe ngumu kama kigae. Kuvu wenyewe watakufa, lakini sumu waliyokwisha kuiacha itabaki.

Wasomaji wa Kitui na Makueni waliokuwa watu wazima mwaka 2004 hawahitaji kusimuliwa haya. Lakini wengi walio wazazi leo walikuwa watoto wakati huo. Mwaka ule, watu wa wilaya hizo, kama zilivyoitwa kabla ya kuwa kaunti, walianza kufika hospitalini macho yakiwa ya manjano, matumbo yakiwauma, wakitapika, wengine miguu ikiwavimba. Ini lilikuwa linakufa. Kufikia Julai 20 wagonjwa 317 walikuwa wamehesabiwa, na 125 kati yao walikuwa wamefariki. Wengi walitoka Makueni na Kitui, wengine Machakos na Thika. Wachunguzi walipopima sampuli 350 za mahindi na bidhaa zake kutoka masoko ya eneo hilo, zaidi ya nusu zilipita kiwango kilichoruhusiwa nchini wakati huo, yaani sehemu 20 katika kila bilioni. Asilimia 7 zilipita sehemu 1,000. Wala haikuwa mara ya kwanza: mwaka 1981, katika Machakos ambayo siku hizo ilijumuisha Makueni, watu 20 walilazwa kwa sumu hiyo na 12 wakafa.

Jambo moja katika uchunguzi wa mwaka 2004 hunirudia kila nikiingia nyumba yenye magunia sebuleni. Familia zilizougua zilikuwa na mazoea, kuliko zile ambazo hazikuugua, ya kuweka mahindi ndani ya nyumba ya kuishi badala ya ghalani. Mtu asiwalaumu. Palipo na njaa, gunia hulazwa karibu na kitanda ili lisiibwe. Lakini ndani ya nyumba hakuna hewa ya kutosha, na gunia lililowekwa sakafuni hunyonya unyevu wa chini kama kitambaa.

Si kwamba mtoto akilamba donge moja lenye ukungu atakufa usiku huo. La hasha. Waliokufa walikuwa wakila mahindi yaliyoharibika kila siku, asubuhi uji, jioni ugali au muthokoi. (Kukoboa mahindi ili kupata muthokoi hupunguza sumu kwa sababu nyingi yake iko kwenye ganda na kiini, lakini hakuimalizi.) Kidogo kidogo nacho kina ubaya wake: miaka mingi ya sumu hiyo huleta saratani ya ini, hasa kwa mtu mwenye homa ya ini aina ya B, na watafiti wameihusisha na watoto kudumaa.

Unga wa mapambo hurudi chunguni

Kilichonifanya nimrudishe yule mama kitini si ile nyota ambayo mtoto angeilamba. Ni mfuko wenyewe. Nilimuuliza, "Mama, unga huo una kilo ngapi?" Akasema labda kilo sita. Mapambo ya nyumba moja hayamalizi hata kilo moja. Zinabaki tano. Nazo zitakaa wapi? Jikoni, kwenye rafu, zikingoja siku watoto watakapotaka kucheza tena.

Halafu inafika Januari. Nauli imetumika, karo inadaiwa, wageni wamekula kila kitu. Jioni moja unga mzuri unakwisha, na anayepika si mama bali ni dada wa kazi, au shangazi aliyekuja kusaidia, asiyejua mfuko ule ulitengwa kwa nini. Naye akiunusa, ule mdalasini uliomwagika humo utamwambia kwamba unga ni safi. Nimetibu watu muda wa kutosha kujua kwamba kitu kibaya kilichowekwa jikoni kwa kazi nyingine siku moja huliwa. Ndivyo ilivyo kwa mafuta ya taa katika chupa ya soda, na ndivyo ilivyo kwa unga wa kuchezea.

Kwa hiyo kanuni yangu ni hii tu: donge la watoto likandwe kwa unga ule ule mnaoula. Uliokataliwa utolewe nyumbani, ufukiwe shimoni mbali na mifugo. Wengi huniuliza, "Na kuku je?" Kuku na bata hudhurika pia. Ng'ombe anayelishwa mahindi hayo hutoa maziwa yenye sehemu ya sumu, na maziwa hayo huwarudia watoto wale wale.

Msomaji wa Nairobi asidhani haya ni ya watu wa mashambani. Krismasi ikiisha, magari yanayorudi kwenye barabara ya Mombasa yamejaa magunia ya mahindi kutoka kwa susu na umau, nayo huishia chini ya ngazi za nyumba za kukodi. Unga wa dukani nao umewahi kuwa na taabu zake. Novemba 2019, Shirika la Viwango nchini, KEBS, lilisimamisha uuzaji wa chapa tano za unga wa mahindi kwa sababu ya sumu hiyo hiyo.

Namna ya kukanda

Kwanza, unga wa mahindi haufai kwa kazi hii hata ukiwa safi. Haushikani, nyota itapoteza pembe kabla haijakauka. Tumia unga wa ngano. Vikombe viwili vya unga, vijiko vikubwa viwili vya mdalasini uliosagwa, kijiko kidogo cha tangawizi au iliki, chumvi kama nitakavyoeleza, na maji kidogo kidogo mpaka donge liache kunata mikononi. Sukuma chapati yenye unene wa nusu sentimita, ukate kwa kifuniko cha chupa au kisu butu, na utoboe tundu la uzi kwa mrija.

Ng'ambo, huko Marekani hasa, donge la namna hii hukandwa bila unga kabisa, ni mdalasini mtupu na rojo la tufaha. Sisi tufaha ni ghali, lakini Desemba maembe ya Makueni yameanza kuiva. Chuja rojo la embe lililoiva ili kuondoa nyuzi, lichemshe mpaka liwe zito, liache lipoe kabisa, kisha changanya robo tatu ya kikombe na kikombe kimoja cha mdalasini. Tatizo ni bei, kwani kikombe kizima cha mdalasini kitakugharimu. Tatizo la pili ni sisimizi, maana embe lina sukari. Lakini harufu yake haina mfano, na halina chumvi, sababu inayonifanya nilipendelee kwenye nyumba yenye mtoto anayetambaa.

Chumvi si mzaha

Vitabu vingi vya michezo ya watoto husema vikombe viwili vya unga kwa kikombe kimoja cha chumvi. Chumvi huzuia ukungu na kufanya pambo liwe gumu. Lakini hebu tupige hesabu. Kikombe cha chumvi kina uzito wa karibu gramu 290, na donge lote kama gramu 780. Zaidi ya thuluthi ya donge ni chumvi tupu. Kipande cha gramu 30, sawa na nusu ya yai la kuku, kina chumvi karibu gramu 11. Mtoto wa mwaka mmoja na nusu ana uzito wa kilo 10 au zaidi kidogo. Akimeza kipande hicho amepata takribani gramu moja kwa kila kilo ya mwili wake, kiasi kinachoweza kumdhuru vibaya ubongo.

Kwa bahati wengi hutapika au hutema kwa ukali wa ladha. Lakini usitegemee bahati. Wenye umri chini ya miaka mitatu wapewe donge lisilo na chumvi, litupwe siku hiyo hiyo. Wakubwa zaidi wapewe la nusu kikombe cha chumvi, mtu mzima akiwa mezani.

Dalili za chumvi nyingi ni kiu kali, kutapika, kulia ovyo, kisha kusinzia, na mwishowe degedege. Ukimwona mtoto hivyo na donge limepungua, mpe maji safi kidogo kidogo kama yuko macho, na umkimbize hospitali. Usimtapishe. Na hapa nisikike vizuri: ile desturi ya kumnywesha mtoto maji ya chumvi ili atapike kila anapomeza kitu kibaya ni hatari, maana maji hayo yenyewe yameua watu. Mbwa wa nyumbani naye hupenda mapambo haya, na humdhuru vile vile.

Viungo vyenyewe

Nunua mdalasini wa magome uusage mwenyewe, au uusagishe ukiona. Mwishoni mwa mwaka 2023 ilibainika huko Marekani kwamba rojo la tufaha lililotiwa mdalasini, lililotengenezwa Ecuador kwa ajili ya watoto, lilikuwa na madini ya risasi. Watoto zaidi ya 500 walihesabiwa, wakijumlishwa waliothibitishwa na walioshukiwa. Risasi ilikuwa imeingia kupitia mdalasini uliokwisha kusagwa, na mwaka 2024 serikali ya huko ikaonya juu ya chapa kadhaa za mdalasini wa unga. Risasi hudhoofisha akili ya mtoto bila dalili ya kuonekana, na hakuna kiwango chake katika damu kinachojulikana kuwa salama. Magome mazima ni vigumu kuyachanganya na kitu bila mnunuzi kugundua.

Kusaga kufanyike watoto wakiwa mbali. Vumbi la mdalasini likivutwa mapafuni haliyeyuki. Huwasha na kuziba, na mwenye pumu linaweza kumwamsha usiku. Mwambie mtoto asipulize bakuli. Akipata wekundu mikononi au mdomoni, muoshe kwa maji na sabuni, kisha apewe kazi ya kukata maumbo.

Karafuu nzima zinapendeza zikichomekwa kama macho ya malaika, ila kwa mtoto mdogo kila kitu chenye ukubwa huo ni cha kutiwa puani. Nimetoa puani maharagwe, punje za mahindi, shanga na kifutio cha penseli. Dalili ni kamasi yenye uvundo inayotoka tundu moja tu la pua, siku baada ya siku, huku tundu la pili likiwa safi. Usichokoe kwa kijiti wala pini. Utakisukuma ndani zaidi. Mlete.

Chupa ya mafuta ya karafuu, ile inayouzwa kwa maumivu ya jino, isikaribie meza kabisa. Baadhi ya watu huongeza matone ili pambo linukie zaidi. Lakini mtoto wa miaka miwili aliyekunywa kati ya mililita 5 na 10 aliwahi kupoteza fahamu, akapatwa na degedege na ini likaharibika. Hali kadhalika vidonge vyeupe vya kuzuia nondo, ambavyo wengine hufungia pamoja na mapambo sandukuni. Mtoto huvidhani peremende. Kwa wale wenye upungufu wa G6PD, hali ya kurithi inayopatikana sana katika nchi zenye malaria, vidonge vya naftalini huvunja chembe nyekundu za damu.

Kukausha, na chupa ya chumvi

Pambo lisilokauka ndani litaota ukungu kabla ya mwaka mpya, na hapo umejitengenezea shamba la kuvu sebuleni. Mwenye oveni alioke kwa moto mdogo, nyuzi 100 hivi za Selsiasi, kwa saa mbili au zaidi. Asiye nayo aanike juani kwenye ungo au wavu ili hewa ipite chini, akigeuza asubuhi na mchana, na kuingiza ndani kabla ya umande. Siku tatu au nne za jua zatosha, lakini Desemba ya Ukambani haiahidi jua. Ili kujua kama limekauka, liweke shavuni. Likiwa na ubaridi, bado lina maji.

Watoto wakishaelewa hilo, waonyeshe jambo la pili, ambalo mimi naliona ni bora kuliko mapambo. Chukua chupa kavu ya kioo yenye kifuniko, itie punje za mahindi ya gunia la nyumbani mpaka thuluthi yake, kisha ongeza vijiko viwili au vitatu vya chumvi kavu kabisa. Funga, mpe mtoto aitikise kwa nguvu, halafu iache itulie dakika 15. Chumvi ikiganda kwenye kuta za chupa, mahindi yana unyevu wa zaidi ya asilimia 15 na hayafai kuhifadhiwa. Yarudishwe juani mpaka yakaribie asilimia 13. Kuta zikibaki safi, yawekwe ghalani, juu ya mbao, mbali na ukuta. Wakulima wametumia njia hii pasipo na kipimo cha mashine, na mtoto wa darasa la tatu anaimudu.

Yule mama alijaribu kwa gunia lililokuwa limetoa ule unga. Aliniletea chupa yenyewe kwenye mkoba, chumvi imeganda kutoka chini hadi shingoni. Tuliamua pamoja afanye nini na mahindi yaliyosalia: yale yenye ukungu na yaliyopasuka akayachambua na kuyafukia, mengine akayaanika kwenye turubai akisubiri ushauri wa afisa wa kilimo. Watoto walikanda nyota zao kwa unga wa chapati.

Mapambo yakishushwa Januari, yenye chumvi yafukiwe mbali na banda la mbuzi na mbwa wa jirani. Yale ya mdalasini na embe, yakiwa makavu, yafunge kwenye kitambaa uyaweke kabatini katikati ya nguo, juu, pasipofikiwa na mkono mdogo. Yangu ya mwaka juzi bado yananukia.